Bavyaa kafungiwa duka la resheni na mie ndie ninaepima, niseme nini kwenye kikao?

Assalaam aleikum Mama,

Mie ni mzaliwa wa Mombasa, Mji wa Kale, kwetu ni Wabadala, wale ambao mababu zao walikuja na majahazi kutoka Mandvi kule Kutch. Nimeolewa Gujarat, huko huko India, mji mdogo wa pwani ambao jina lake naliacha kwa sababu huku kila mtu anamjua mwenzake na wazee wanaofahamu Kiswahili bado wapo. Mume wangu yuko Muscat kikazi, anakuja likizo tu, kwa hiyo hapa nyumbani ni mie na watoto, bavyaa na mavyaa.

Bavyaa ana duka la resheni. Nieleze kidogo kwa wasomaji wa huko maana kwetu hakuna kitu kama hiki. Serikali ya India inagawa ngano na mchele kwa watu kama milioni 800, mwenye kadi ya kawaida anapata kilo 5 kwa kila kichwa kwa mwezi, na nyumba zile maskini kabisa kabisa wanapewa kilo 35 kwa nyumba nzima hata kama ni mtu mmoja na mtoto wake. Zamani walikuwa wanalipa rupia 2 kilo ya ngano na rupia 3 kilo ya mchele, tangu Januari 2023 ni bure. Chakula chote hicho kinapitia maduka zaidi ya laki tano, na mwenye duka si mwajiriwa wa serikali, ni mtu wa kawaida mwenye leseni anaelipwa kamisheni kwa kila kwintali (kilo 100) anayogawa. Leseni ikenda ndio riziki imekwenda.

Bavyaa macho yamemwingia ukungu, kwa hiyo kazi ya mashine naifanya mie. Mtu anakuja na kadi, naingiza namba, anaweka kidole, mashine inatoa risiti, halafu napima. Daftari pia naandika mie.

Sasa Mama shida ni magunia. Gunia limeandikwa kilo 50, ukilitia kwenye mizani linasoma 48, siku nyingine 47 na nusu. Ukimwambia mtu wa lori anakujibu saini au nageuza nalo. Bavyaa anasaini. Halafu anafidia kwa kupunguza, nyumba ya watu watano mashine inasema 25, wao wanapewa 24, na wenye kadi ya 35 wanapewa 33. Nilimuuliza akaniambia "nisipokata mie nitatoa wapi, mfukoni?" Mtaa mzima wanajua, na walikuwa wamenyamaza.

Kuna mama mmoja mjane, kazi yake ni kutia samaki chumvi na kuanika. Vidole vyake vimelika na ile chumvi mpaka mashine haimsomi, tunajaribu kidole hiki, tunajaribu kile, anafuta mkono kwenye mtandio wake anarudia tena na watu nyuma wanamlalamikia foleni. Yule siku moja alipopimiwa 33 akaishika risiti akaniambia binti, hapa pameandikwa 35. Nikamtazama bavyaa, bavyaa akatazama pembeni. Yule mama akachukua mzigo wake akaondoka, na mwezi huo huo akapeleka malalamiko.

Mkaguzi akaja siku ambayo mie na bavyaa tuko hospitali anafanyiwa jicho, duka kaachiwa shemeji yangu ambae hajui hata daftari linawekwa wapi. Wakapima mali iliyobaki, wakaandika ripoti, wakatia mashahidi wawili saini, na mmoja wao ni ndugu wa mtu ambae miaka yote anaitaka leseni hii. Baada ya hapo ikaja barua, leseni imesimamishwa, na ndani ya siku saba bavyaa ajieleze kwa maandishi kwa nini isifutwe, kisha kutakuwa na kikao. Sababu yenyewe aya moja tu, ati malalamiko ya ugawaji mbaya "yamethibitika". Yamethibitikaje na mwenyewe hajaulizwa neno? Ripoti hatukupewa, malalamiko hatukuonyeshwa.

Wateja wamehamishiwa duka la kijiji cha pili, wazee inabidi wapande tuktuk kufuata chakula cha bure, na lawama zote anatupiwa yule mjane, wanamwambia ndie aliyetufungia duka.

Hapa nyumbani kila mtu na lake. Bavyaa anataka niandike jawabu kwamba yote ni uongo, hakuna aliyewahi kupunguziwa, na nitie saini yangu kama mpimaji. Shemeji anasema kuna mtu wa ofisini ukimpa kitu faili linalala. Wakili mmoja wa hapa anasema tusijibu chochote, twende moja kwa moja Mahakama Kuu Ahmedabad kwa sababu hatukusikilizwa na hapo tumeshashinda. Mume wangu kwenye simu ananiambia usitie nyumba aibu. Na juu ya yote, kikundi cha kina mama kinachoongozwa na rafiki yangu wa karibu kimeshaomba kupewa duka, hajaniambia, nimesikia kwa watu.

Bavyaa ni mzee mwema kwangu, wallahi. Wakati wa korona alimpa yule yule mjane ngano kabla mgao haujafika. Lakini mjane hakusema uongo. Mama, ni halali kweli kumpigania mtu asikilizwe na mie najua alikuwa anakata? Na hiyo karatasi niandike nini?

Mpimaji

*

Wa aleikum salaam mwanangu Mpimaji,

Pole, na pole kwa bavyaa na jicho lake. Barua yako nimeisoma zaidi ya mara moja na naona umebeba mambo matatu kwenye mkono mmoja. Moja, je ofisi imemtendea haki mkweo? Pili, je yeye amewatendea haki wateja? Tatu, jina lako wewe litie saini juu ya nini? Wote nyumbani wanazungumza kama ni jambo moja, kwamba ukikubali la pili basi umelipoteza la kwanza. Mie sioni hivyo.

Umeniuliza kama ni halali kumpigania asikilizwe mtu unaejua alikosa. Nikuulize na mie, nani alikwambia kusikilizwa ni kwa wasiokosa? Huko huko India mwaka 1977 serikali ilimnyang'anya mwandishi mmoja, Maneka Gandhi, pasipoti yake na ikakataa kumpa sababu, na mwaka uliofuata Mahakama ya Juu ikasema kwamba haki ya mtu haiondolewi kwa utaratibu wa ovyo, lazima asikilizwe. Hakuna aliyesema kwanza tuhakikishe ni mtu mwema. Sisi Kenya tumeliandika hilo kwenye Katiba ya 2010, kifungu cha 47, kwamba uamuzi wa kiofisi uwe wa haki na mtu apewe sababu kwa maandishi. Kusikilizwa ndiko kunakoonyesha kosa ni lipi hasa, la nani, na lina ukubwa gani. Kilo zinazopungua kwa sababu gunia limekuja pungufu na kilo zinazouzwa kwa mlango wa nyuma si kosa moja, na ile barua ya aya moja imeyatia yote kwenye neno "ugawaji mbaya".

Kwa hiyo kwenye hilo la kwanza mna hoja, lakini zichagueni. Kusimamisha leseni kwa muda wakati uchunguzi unaendelea ni jambo ambalo ofisi mara nyingi zina mamlaka nalo, sidhani mtafika mbali mkililia hilo peke yake. Kinachonisumbua mie ni lile neno "yamethibitika". Unamuitaje mtu ajieleze na wewe umeshamaliza kuamua? Na ripoti hamkupewa, sasa bavyaa ajibu nini, ajibu kitu asichokiona? Kudai nakala ya ripoti, nakala ya malalamiko, karatasi ya vipimo vya siku ile, na muda wa kutosha wa kujibu baada ya kuvipata, hakuna uongo wowote ndani yake. Yule shahidi mwenye ndugu anaeitaka leseni pia semeni kwa maandishi, bila matusi, jina na uhusiano basi. Mwaka 1969 Mahakama ya Juu ya India ilibatilisha uteuzi mzima wa maafisa wa misitu kwa sababu mmoja wa waliokaa kwenye bodi ya kuchagua alikuwa mwenyewe ni mwombaji. Shahidi si hakimu, najua, lakini mwenye maslahi anapotia saini anaeamua anatakiwa ajue. Ofisi ikiwazungusha kuhusu ripoti, ipo sheria ya haki ya kupata habari ya mwaka 2005, ombi kwa ofisi za jimbo la Gujarat ni rupia 20 na jawabu linatakiwa ndani ya siku 30, ila kwa notisi ya siku saba hiyo inachelewa, barua ya kuomba nakala na muda ndio itangulie, na mpate mhuri wa kupokelewa.

Sasa tuje kwenye mizani, na hapa mwanangu nitakuuliza kitu ambacho labda hukukipigia hesabu. Gunia la 50 likija na 48 limepungua asilimia 4. Nyumba ya 25 ukiipunguzia kwa kipimo hicho hicho ni kilo 1, sawa, ndio hiyo aliyokuwa anakata. Lakini kadi ya 35, asilimia 4 ni kilo 1 na gramu 400. Hata siku ile mbaya ya 47 na nusu ni kilo 1 na robo tatu. Yule mama alikuwa anakatwa 2. Simwiti mkweo mwizi, pengine alikuwa anakata kwa namba nzima ili kupima kuwe kwepesi, pengine mifuko ya chini inachanika na ngano inamwagika. Lakini hiyo gramu 250 mpaka 600 ya kila mwenye kadi ile, kila mwezi, ilikwenda wapi? Wewe ndie mwenye daftari. Kaa nalo usiku mmoja peke yako kabla ya mtu mwengine kukuuliza, maana swali hili likija kwenye kikao na wewe hujawahi kujiuliza, litakuvunja.

Na yale magunia nayo yana mwenyewe. Sheria ya chakula ya India ya mwaka 2013 imesema serikali za majimbo zipeleke nafaka mpaka mlangoni mwa duka la resheni. Sasa kama inapungua kabla ya kufika mlangoni, huyo aliyekula kilo mbili za kila gunia hajaandikiwa barua na mtu. Bavyaa akijibu "yote uongo, hakuna aliyepunguziwa" amemficha na huyo pia. Lipi lina faida kwake, kukana kila kitu na risiti za mtaa mzima zipo, au kusema magunia yanakuja hivi na mie nilikuwa nasaini kwa kulazimishwa? La pili lina uzito, lakini lina hatari ambayo siwezi kukufichia. Sheria ya bidhaa muhimu ya 1955 ambayo maduka haya yanaongozwa nayo ina kifungo cha kuanzia miezi 3 mpaka miaka 7, na kukiri kwa maandishi kunaweza kutembea kutoka kwenye faili la leseni mpaka kwa polisi. Kwa hiyo asiandike kukiri na asiandike kukana kabla ya kukaa na wakili anaesikiliza hadithi yote pamoja na ya magunia. Kama pesa ni tatizo, sheria ya msaada wa kisheria ya 1987 inampa kila mwanamke wakili wa bure bila kuulizwa kipato, wewe umo, na mkweo naye anaweza kuingia kwa kiwango cha kipato chake. Namba yao ya simu ni 15100, na ofisi zao ziko kwenye mahakama za wilaya.

Huyo wakili wa "tumeshashinda" sitamkosoa sana, lakini muulize, tukishinda tunashinda nini? Kesi hizi zikishinda kwa sababu ya kutosikilizwa, kawaida mahakama inafuta ule uamuzi halafu inarudisha jambo kwa ofisi ianze upya kwa haki. Mnarudi pale pale, mizani ile ile, risiti zile zile, na miezi imepita. Na jaji anaweza kuwauliza kwanza, mlijibu barua? Mlikata rufaa ya kiofisi? Inawezekana Ahmedabad ikawa ndio njia yenu, siwezi kujua kutoka hapa nilipo, ila isiwe kwa kudhani kwamba swali la kilo mbili litabaki barabarani.

La shemeji nitalipita haraka. Tangu sheria ya rushwa ilipobadilishwa 2018 anaetoa naye ni mkosaji, mpaka miaka 7. Na faili likilala leo linaamshwa siku yoyote na yule yule mliyemlipa.

Nije kwa yule mama wa samaki. Kwenye barua yako nyumba nzima ina watu wanaosema, bavyaa, shemeji, wakili, mume, na yeye amesema sentensi moja tu, "hapa pameandikwa 35." Haki ya kusikilizwa unayomtakia mkweo na yeye anayo. Malalamiko yake si fitina, sheria hiyo hiyo ya 2013 imeweka afisa wa malalamiko kwa kila wilaya na kamati za uangalizi mpaka ngazi ya duka lenyewe, kwa sababu ilijulikana maskini atahitaji pa kwenda. Najua unatamani kumwendea ukamwambie samahani. Moyo mzuri huo, lakini fikiria mtaa utaonaje, mkwe wa mwenye duka kaingia kwa shahidi wiki ya kikao. Hata ukienda na mikono mitupu wataweza kusema ulikwenda kumtisha au kumnunua, na yeye mwenyewe anaweza kuogopa. Kumsalimia njiani hakuna ubaya, na wakimtolea maneno mbele yako kusema "mama wa watu mwacheni" hakuhitaji wakili. Tena unaweza kuwaambia watu kitu cha kweli, kwamba kwa utaratibu wa kadi moja nchi nzima mtu anaweza kuchukua mgao duka jengine lolote la resheni, kwa hiyo kama kuna lililo karibu kuliko hilo waliloandikiwa, waulize, wasipande tuktuk bure na kumchukia mtu.

Na rafiki yako. Naelewa umeumia kwa kusikia kwa watu. Lakini jiulize kama amekuibia kweli, maana sheria inasema leseni hizi zipewe kipaumbele vikundi na taasisi za umma, na uendeshaji uwe mikononi mwa wanawake, na kikundi chake kinaomba kilichoruhusiwa. Kibaya kingekuwa ofisi kuwapa duka moja kwa moja na bavyaa hajasikilizwa. Mjue pia, na yeye ajue, mwaka 2015 Mahakama ya Juu iliamua kesi ya duka la resheni la Uttar Pradesh kwamba aliyepewa duka baada ya mwengine kufutiwa hana haki ya kuja kuipinga rufaa ya yule wa kwanza, mwenye duka akirudishiwa basi wa pili anaondoka, ingawa kesi za baadae hazikuamua hivyo zote. Kwa hiyo na kikundi kina sababu ya kutaka kikao hiki kiende sawasawa. Wewe umewahi kumuuliza mwenyewe, au umemkasirikia kimyakimya?

Nimelibakisha la saini kwa sababu ndilo lako peke yako. Umesema bavyaa anataka utie saini "kama mpimaji" chini ya maneno kwamba hakuna aliyepunguziwa. Mwanangu, duka ni la kwake, leseni ni ya kwake, barua imeandikiwa yeye. Anaweza kujibu kwa jina lake, akadai nakala na muda, akaacha mengine mpaka ashauriwe, na wewe usiwemo kabisa kwenye karatasi hiyo. Hilo halikutoi kwenye jambo, usijidanganye, kwa sababu siku ya kikao yupo atakaeuliza nani alikuwa anashika mizani, na utakuwa umekaa pale. Ukisema kweli unaweza kumuumiza mzee anaekupenda. Ukisema uongo umejitia kwenye kosa ambalo mpaka sasa si lako, na umemfanya yule mjane mwongo. Ukisema "sitajibu mpaka nipate wakili wangu" umejipa nafasi, ila nyumbani watakutazama vingine. Mie siishi nyumba hiyo na siwezi kukuchagulia ni lipi unaloweza kulala nalo. Ninachokuomba ni umwambie bavyaa mapema, mkiwa wawili na mavyaa, na si mbele ya shemeji, kwamba ile saini huwezi kuitia na kwa nini. Asije akalijua hilo kwenye kikao. Pengine atakasirika. Pengine pia, mzee aliyetazama pembeni siku ile anajua kuliko anavyosema, na anangoja mtu amfungulie mlango wa kuzungumza habari za magunia.

Mumeo mpigie kabla ya hapo. Maneno ya aibu msikilize mpaka amalize, halafu msomee barua ya ofisi neno kwa neno na hesabu ya daftari, 25 na 24, 35 na 33, maana nashuku yeye anachojua ni kile alichoambiwa na ndugu yake tu. Muulize kama angekuwa yeye ndie anaepima, angesaini? Na kama siku za notisi zinaishia kabla hamjapata wakili, barua fupi ya kuomba nakala na muda iende hivyo hivyo, kwa jina la bavyaa.